Msichana wa Pili

Dishi aliingia na boksi kubwa kifuani, akausukuma mlango kwa kisigino, na kabla hajasalimia akasema, "Mke wangu, usiniulize kitu mpaka nimalize kufunga waya."

Mkewe hakuwa na haja ya kuuliza. Ubavuni mwa boksi palikuwa na picha ya mashine ya gemu, na uso wa mumewe ulikuwa uso wa mtu aliyeshafanya kosa na kulifurahia. Mtaa mzima ulimwita Dishi kwa sababu ya kazi yake ya kupanda juu ya mapaa ya watu kufunga madishi ya TV, na chochote chenye waya kilimvuta kama sumaku. Mkewe alikuwa fundi wa meno bandia. Chumba cha mbele cha nyumba yao ndicho kilikuwa karakana yake: meza ndefu yenye mashine ndogo ya kusagia, taa ya spiriti ya kuyeyushia nta, na rafu iliyojaa taya za plasta zilizowachekea wageni wote waingiao. Wateja walimwita Fundi. Kwao aliitwa Mkia, kwa kuwa tangu alipojua kutembea, popote alipokwenda dada yake, naye yuko nyuma. Waliobaki kumwita hivyo walikuwa wawili tu: mama yake, na mumewe siku za kumtania.

"Na hii," Dishi alisema akiwa amelala kifudifudi nyuma ya TV, "inasoma hata diski za zamani. Za enzi zetu. Unaitia tu, yenyewe inajigeuza mashine ya zamani."

Mkia alisimama kidogo na kitambaa chake mkononi. Kisha akaenda chumbani, akavuta droo ya chini kabisa ya kabati, akarudi na diski iliyofungwa kwenye leso.

"Ulikuwa nayo siku zote hizi?" Dishi akashangaa. "Nami nilidhani nimeoa mtu mzima."

Diski ile haikuwa na kasha, na jina lake lilishafutika. Yeye na dada yake waliliita gemu lile Nyumba ya Taa. Ndani yake wasichana wawili wamefungiwa kwenye jumba kubwa la giza, wanatafuta njia ya kutoka. Wa kwanza amebeba funguo, wa pili amebeba taa. Ufunguo hauingii mlangoni bila mwanga, na mwanga peke yake haufungui kitu, kwa hiyo lazima waende pamoja. Dada alikuwa wa kwanza, Mkia wa pili. Mtu akicheza peke yake, mashine ndiyo inayomwendesha msichana wa pili, tena inamwendesha vibaya: anachelewa, anakwama kwenye kona, anatembea huku ameukodolea macho ukuta kama mtu aliyenuna.

Mashine yao ya wakati ule ilikuwa kama mzee wa pumu. Wakiingia kwenye ukumbi wenye vivuli vingi, feni inaanza kulia, picha inakuwa nzito, na wasichana wanatembea kama wamezama kwenye tope hadi magotini. Mwisho wa kila korido kulikuwa na ukungu wa kijivu. Watoto wale walidhani ukungu ni sehemu ya hadithi. Ukubwani Dishi ndiye aliyemweleza kwamba ulikuwa ujanja tu: mashine haikuwa na nguvu ya kuchora vitu vya mbali, basi waliotengeneza gemu wakafunika pale nguvu ilipoishia.

Na juu ya ngazi za mwisho kulikuwa na mlango wa chuma ambao hawakuwahi kuupita. Kila Dada alipotia ufunguo, picha iliganda na TV ikatoa mlio mmoja mrefu, kama sufuria inayoburutwa sakafuni. Mara ya mwisho Dada alichomoa waya ukutani, akasema, "Iache ipoe. Ikipoa tutaendelea." Kesho yake homa ilimlaza. Keshokutwa yake alipakiwa kwenye gari la jirani mchana kweupe, amefunikwa shuka, na hakurudi. Mama alikifunga kwa ufunguo chumba walichokuwa wanalala, mashine akaigawa, na Mkia akahamishiwa kwenye godoro sebuleni. Diski ilinusurika kwa sababu ilikuwa kwenye begi lake la shule.

Mashine mpya ilikuja na pedi moja tu ya kuchezea, ya mchezaji wa kwanza. Mkia akaishika. Kwa mara ya kwanza maishani mwake, alikuwa Dada.

"Tazama hiyo," Dishi alisema, ametoa macho kama mtoto. "Laini kama mafuta. Enzi zile hapo ungekuwa bado unasubiri mlango ufunguke."

Ni kweli. Milango iliyokuwa ikiwaweka mpaka wanapiga miayo sasa ilifunguka mara moja. Hakuna feni iliyolia, hakuna tope. Na ukungu haukuwepo. Korido zilinyooka mpaka mwisho, na zilikuwa fupi kuliko alivyozikumbuka. Mambo ambayo ukungu ulikuwa umeyaficha sasa yalikaa wazi: picha ukutani zenye watu wasio na nyuso, milango iliyochorwa bila vitasa, na kwenye pembe moja ya mbali, mahali ambapo mchezaji hana njia ya kufika, kiti kilichogeuziwa ukutani. Hayakuwa yamewekwa ili yaonwe. Mkia alijihisi kama mtu aliyeingia nyumba ya watu wakati wenyewe hawajajiandaa.

Msichana wa pili alikuja nyuma yake na taa. Hakuchelewa, wala hakukwama kwenye kona.

Walipofika kwenye ukumbi wenye kioo kikubwa, Mkia akapita moja kwa moja kwenda mlangoni, akangoja. Mwanga haukuja. Akageuza picha kutazama nyuma. Msichana wa pili alikuwa amesimama mbele ya kioo. Akazunguka pale pale, mara moja, mara mbili, akitazama gauni lake linavyopepea. Kisha akakimbia kumfuata.

Mkia akaishusha pedi mapajani.

"Hodari huyo," Dishi akacheka. "Anajipenda."

"Huyo ni mimi," Mkia alisema.

"Wewe nani?"

"Mimi ndiye niliyekuwa nazunguka pale. Kila tukipita. Dada alikuwa ananigombeza, 'Mkia, twende!' Mashine haikuwahi kumfanya hivyo. Mashine ilikuwa inampitisha kama gogo."

Dishi alijikuna kidevu. Alikuwa mtu wa sababu. Hata radi ikipiga yeye huanza kutafuta waya. "Sikiliza. Mashine hii haichezi gemu kama ile ya zamani. Inaiga tu. Gemu lenyewe halijui kama limehama nyumba. Sasa linaendeshwa kwa kasi ambayo halikuizoea, mahesabu yanawahi, yanapishana. Msichana anachanganyikiwa, anazunguka. Ni hivyo tu."

"Sawa," Mkia alisema.

Lakini kwenye chumba cha kulia msichana wa pili aliingia chini ya meza yenye kitambaa kirefu, akachungulia, akabaki pale mpaka yule wa kwanza alipokwenda kukagua vivuli peke yake na kurudi. Hivyo ndivyo Mkia alivyokuwa akifanya, kwa woga. Na kwenye ngazi za jikoni aliruka kidato kimoja kinachopiga kelele, kama Mkia alivyokuwa akikiruka. Hapo Dishi hakucheka tena.

"Labda mlihifadhi mchezo wenu mahali," alisema polepole.

"Tulihifadhi kwenye kadi ya kumbukumbu, na kadi iligawiwa pamoja na mashine. Diski haiandikwi, wewe mwenyewe ulinifundisha."

Akaizima. Dishi hakumzuia.

Kwa siku kadhaa mashine ilikaa chini ya TV imefunikwa kitambaa. Mkia alirudi kwenye taya zake. Kazi ya meno ni ya kutuliza kichwa: unachonga nta, unapanga meno moja moja, unauliza kila jino litakutana na nani juu yake. Ila mara nyingi alijikuta ameinua kisu hewani, anafikiria mtoto yule aliyechungulia chini ya meza. Kilichomsumbua si kwamba amemwona mfu. Angemwona Dada pale, angalau angelia. Alichokiona ni yeye mwenyewe, mdogo, mzima, anamfuata mtu kwa imani yote, na hajui lolote litakalotokea kesho yake.

Juma lile mama yake alikuja kukaa nao ili atengenezewe meno ya chini. Alikuwa mwanamke mrefu mwenye haya, na kwa kuwa meno ya zamani yalishavunjika, alizungumza amefunika mdomo kwa kiganja.

"Mkwe, usinichekeshe," alimwambia Dishi mezani. "Nikicheka nafanana na mtoto mchanga."

"Mama, watoto wachanga ndio wanaopendwa," Dishi akajibu, na mama mkwe akalazimika kutumia viganja vyote viwili.

Habari za Dada hazikuzungumzwa nyumba ile, kama ambavyo hazikuzungumzwa kwao miaka yote. Mama hakukataza. Ila ukilitaja jina, yeye anakumbuka kuna kitu jikoni.

Mchana mmoja wa mvua, Dishi akiwa kazini na mama amejilaza chumba cha wageni, Mkia aliosha plasta vidoleni, akaenda sebuleni, akatoa kitambaa na kuwasha mashine. Hakujua kwa nini. Alijiambia anataka tu kuona kama msichana atazunguka tena.

Alizunguka. Akajificha chini ya meza. Akaruka kidato. Mkia alijikuta anamngojea kila mahali, bila haraka, kama Dada alivyokuwa akimngojea huku anajifanya amekasirika. Hivyo hivyo wakapanda ngazi za mwisho, wawili, mpaka mlango wa chuma.

Akatia ufunguo, akasubiri ule mlio.

Haukuja. Mlango ulifunguka bila sauti, mara moja, kama mlango wa kabati. Ndani kulikuwa giza. Mkia akasogeza kidole, na msichana wa kwanza akaingia.

Wa pili hakuingia.

Alisimama kizingitini na taa yake mkononi. Mkia akarudi nyuma kumfuata. Msichana akarudi hatua. Akabonyeza kitufe cha kuita. Msichana akatikisa kichwa. Katika miaka yote ile Mkia hakujua kwamba wasichana wale wanaweza kutikisa kichwa. Kisha mlango ukaanza kujifunga, taratibu. Kutoka ndani, Mkia aliuona uso wa mtoto ukipungua ndani ya ule mwanga: nusu, robo, jicho moja. Mlango ukafunga.

TV ikawa nyeusi tii. Alibonyeza kila kitufe. Funguo alikuwa nazo yeye, lakini bila taa ufunguo haukubali. Taa ilikuwa nje, lakini nje hakuna funguo. Akakaa pale na pedi mapajani, na kwa mara ya kwanza akafikiria ilikuwaje kwa yule aliyepakiwa kwenye gari, shuka hadi kidevuni, anamwona mdogo wake amesimama mlangoni anapungua. Siku zote alikuwa amelibeba jambo lile kama mtu aliyeachwa. Hakuwahi kulitazama kwa macho ya aliyeondoka.

Ndipo hodi ilipopigwa.

Ilitoka kwenye TV. Ngo, ngo, halafu kofi moja la kiganja kilicho wazi. Kimya. Ngo, ngo, kofi.

Mkia aliachia pedi ikaanguka. Hodi ile haikuwa ya gemu. Ilikuwa yake na Dada, waliitunga wenyewe ili kujua kama anayekuja ni mwenzake au ni mama. Na baada ya Dada kuondoka, kila akirudi shule na kuikuta nyumba kimya, alikuwa akienda kwenye mlango wa chumba kilichofungwa na kuipiga. Ngo, ngo, kofi. Aliipiga mpaka mkono unauma. Hakuna aliyejibu, na hakumwambia mtu yeyote, hata mumewe.

Alitaka kuchomoa waya. Mkono ulifika ukutani ukakataa. Ingekuwaje, yule mtoto abaki pale ngazini anagonga, mashine izimwe tena?

"Nani anagonga?"

Mama alikuwa amesimama kwenye mlango wa sebule, khanga begani, nywele zimelala upande mmoja. Safari hii hakufunika mdomo.

"Ni gemu, mama. Nenda ukapumzike."

Ngo, ngo, kofi.

Mama akaja polepole, mkono umeshika viti, mpaka mbele ya ile TV nyeusi. Akasikiliza, kichwa kimeinama, kama mtu anayesikiliza mvua ili ajue imeanzia wapi.

"Ndivyo ulivyokuwa unagonga," alisema. "Siku zote unagonga hivi."

"Mama, ulikuwa unasikia? Si ulikuwa unakwenda kwa majirani mchana?"

"Nilikuwa ndani." Bila meno maneno yalitoka laini, kama ya mtoto. "Nilikuwa kwenye kitanda chake. Nilikuwa naufunga mlango kwa ndani, nakaa. Nakusikia unakuja, nakusikia unavua viatu, halafu unagonga. Na mimi nasema moyoni, sasa hivi nitainuka nimfungulie mwanangu. Miguu inakataa. Unachoka, unaondoka. Nasema, kesho."

Mvua ilipiga bati. Ndani ya TV hodi iliendelea, ila sasa ilikuwa inachoka. Nafasi kati ya hodi na hodi ikarefuka, na lile kofi la mwisho likawa kama mtu anayeegemeza mkono tu.

Mama akainama mpaka pua ikakaribia kioo.

"Ingia, mwanangu," alisema. "Hapajafungwa. Ingia tu."

Hodi ikakoma. Halafu mstari mwembamba wa mwanga ukatokea gizani, wima, ukapanuka. Msichana wa pili alikuwa mlangoni na taa yake. Akaingia.

Chumba kilipopata mwanga kilionekana hakina kitu. Kuta, sakafu, na dirisha lililo wazi lenye ngazi ya kuteremkia nje. Mkia akaiokota pedi. Hakuhitaji kumwita. Msichana wa pili alisimama sambamba naye, bega kwa bega, si nyuma, na wakateremka pamoja. Chini kulikuwa na bustani ya kijani kibichi mno, ya kizamani, miti yake kama maboksi yaliyopakwa rangi. Wasichana wakatembea mpaka picha ikasimama, na majina ya watu waliotengeneza gemu yakaanza kupanda, marefu, ya watu wasiojulikana, pamoja na kamuziki kepesi kama ka saa ya mezani.

"Ndiyo mwisho?" mama akauliza.

"Ndiyo mwisho."

"Mbona hata hapana kitu."

Wakaangua kicheko, wote wawili, mama bila kujifunika, na katikati ya kicheko wakajikuta wanalia. Jioni ile, Dishi aliporudi, aliwakuta wamekaa sakafuni wanazungumza habari za Dada: jinsi alivyokuwa anakula ugali wa moto kwa kupuliza mpaka mate yanaruka, jinsi alivyomfundisha mdogo wake kusema uongo kwa mwalimu. Alikwenda jikoni akapika yeye, na chumvi ikazidi.

Meno ya mama yalikamilika, yakakaa vizuri. Akarudi kwake akiwa anatafuna mahindi ya kuchoma ndani ya basi kwa majivuno. Baadaye alipiga simu kusema amefungua dirisha la kile chumba na amegundua panya wamekula godoro lote, kwa hiyo Mkia aje na mtu wa kulitupa.

Dishi, aliposikia gemu limemalizwa, ndiye aliyeshindwa kuliacha. Alinunua pedi ya pili, akamsihi mkewe mpaka wakacheza pamoja siku moja baada ya chakula cha mchana, yeye na funguo, Mkia na taa. Ulikuwa mchezo tu. Korido hazina ukungu, kila kitu laini. Mkia alipoweka pedi chini kwenda kumfungulia mteja, mashine ikamchukua msichana wake; aliporudi alimkuta amekwama kwenye kona ya ngazi, ameukodolea macho ukuta.

Wakafika kwenye mlango wa chuma. Dishi akatia ufunguo. Picha ikaganda, na TV ikatoa ule mlio mrefu. Akazima, akawasha, wakarudia. Ikaganda tena. Akampigia rafiki yake mwenye duka la gemu, mtu ambaye hakuna diski asiyoijua.

"Ule mlango?" sauti ikacheka kwenye spika ya simu. "Ndugu yangu, acha kupoteza muda. Diski zile zilitoka kiwandani na hitilafu. Mlango ule uliganda kwenye mashine ya zamani, na unaganda kwenye mashine mpya, uwe na nguvu kiasi gani. Hakuna aliyewahi kuupita. Hakuna hata anayejua ndani kuna nini."

Dishi akakata simu, akamgeukia mkewe. TV bado ilikuwa inalia.

"Wewe uliupitaje?"

"Tulifunguliwa," Mkia alisema.

Dishi alimtazama, akatazama mlango wa chuma uliosimama kwenye kioo, na yule mtu wa kutafuta waya hakutafuta kitu. Aliinama, akachomoa plagi ukutani kwa upole, kama anayeogopa kumwamsha mtu. Mkia alikwisharudi karakana. Mteja alikuwa anangoja, amefunika mdomo kwa kiganja.